Kivumanti Asiyetua

Mtu aliyenifundisha kusikiliza muziki alikuwa hawezi kuimba. Sauti yake ilikwaruza kama bawaba isiyotiwa mafuta. Katika harusi za Siyu, wanawake walipopanga mistari na kupokezana nyimbo, yeye aliketishwa karibu na sinia la tambuu, mbali na waimbaji, na wala hakuona haya. Alisema kwamba siku sauti zilipokuwa zikigawanywa yeye alikuwa ameshughulika na miyaa yake ya kusukia, na alipoinua kichwa zilikuwa zimekwisha.

Nitamwita Msuka Ukili, kwa sababu ndivyo mji mzima ulivyomwita. Alizaliwa wapi, na wazee wake walikuwa nani, sikumwuliza, na hivi leo naona ni afadhali. Ninayemkumbuka ni mtu aliyekuwa kazini. Ukili ni ule utepe wa miyaa, upana wa vidole vitatu, ambao ukizungushwa na kushonwa ubavu kwa ubavu huwa mkeka. Wanawake wengi wa Siyu walisuka, lakini yeye alisuka kama mtu mwingine anavyopumua: akizungumza, akigombana na jirani, hata akisinzia. Nilipata kumwona amefumba macho, kidevu kimegusa kifua, na vidole vinakwenda.

Nilifika Siyu, katika kisiwa cha Pate, miaka miwili hivi baada ya bendera mpya kupandishwa. Nilikuwa nimetoka chuo cha ualimu cha bara, Mkristo, mgeni, mwenye masanduku mawili ya vitabu na imani kubwa kwamba nchi yetu ilikuwa ikingoja watu kama mimi. Chumba nilichopewa kilitazamana na ukumbi wake. Siku ya kwanza nilisimama mlangoni pake nimwamkie, nikiwa nimevaa tai, naye akanikaribisha kwa lahaja ya kwao.

"Ndoo, Mwalimu. Keti tini. Usisimame kama mtu wa serikali."

"Mimi ni mtu wa serikali, Bi."

"Basi keti. Na serikali nayo ina makalio."

Watoto waliomzunguka walicheka hadi wakaangukiana. Niliketi. Kwa takriban miaka mitatu iliyofuata niliketi pale kila alasiri, baada ya watoto kutoka madrasa na kabla ya adhana ya magharibi, kwa sababu huo ndio wakati aliosimulia habari za Kivumanti.

Kivumanti alikuwa kiumbe arukaye. Aliishi katika nti, kama alivyotamka yeye, isiyo na upepo hata kidogo. Hakuwa na mdomo. Kwa hiyo hakula, hakuuma, wala hakusema uongo. Manyoya yake yalikuwa na uwazi ndani kama vijiti vya filimbi, na kila unyoya ulikuwa na sauti yake, lakini hakuna uliolia mpaka aruke. Upepo wa mbawa zake ndio uliokuwa upepo pekee wa nchi ile. Wanawake wa huko walianika kanga wakangoja apite ndipo zikauke. Wakulima walipanda juu ya vichuguu na nyungo zao, wakasikiliza, na aliposikika kwa mbali wakaanza kupepeta ufuta kwa haraka, maana hawakujua atarudi lini.

Tena, katika nchi ile hapakuwa na nyota. Mbingu yake ilikuwa nyeusi kama chungu kwa ndani. Msafiri aliyetaka kurudi kwao hakuwa na la kumwongoza ila mlio wa Kivumanti. Aliufuata, akakosea, akausikia tena, akaufuata. Na kama Kivumanti angetua, hata mara moja, hata juu ya tawi dogo, mlio ungekatika, na kila aliyekuwa safarini angebaki pale pale alipo.

"Na hutua, Bibi?" watoto waliuliza kila siku, ingawa walilijua jibu.

"Hayatua."

"Akichoka je?"

"Hulala akiruka. Kama Mwalimu afundishavyo saa nane za mchana."

Walipotaka kujua mlio wenyewe ulikuwaje, hakujaribu kuuiga. Aliwaambia wanyamaze. Wakanyamaza, nami nikanyamaza, na katika kimya kile tukasikia miyaa ikipita juu ya miyaa, ikikwaruza, ikivutwa, ikikwaruza tena. Sauti nyembamba, kavu, isiyokatika. Nilikuwa nimesoma muziki chuoni, nikapasi mtihani wake. Sikuwahi kuambiwa kwamba mtu anaweza kukaa kimya hivyo kwa ajili ya kitu kidogo hivyo.

Habari zenyewe hazikuwa na mpango. Siku moja Kivumanti alikuwa na mbawa nne, siku ya pili saba. Mimi niliyekuwa nikiandika kila kitu katika daftari, kwa nia ya kutunga siku moja kitabu cha kusoma cha watoto, nilimkatiza.

"Bi, jana ulisema mbawa nne."

"Yana ulimwona?"

"Sikumwona."

"Basi."

Nikaandika: mbawa saba.

Ajabu ni kwamba hakuna mtu Siyu aliyechukia uongo kuliko yeye. Mjukuu wa jirani alivunja mtungi wake wa maji akasema ni paka; alimshika sikio akamzungusha ua mzima, kisha akarudi kuketi na kuendelea na kiumbe mwenye mbawa saba. Nilimwuliza, kwa ukali wa ujana wangu, anawezaje kuyaunganisha mambo hayo mawili. Alifikiri kwa kitambo, jambo alilolifanya mara chache.

"Mwongo hutaka kitu, Mwalimu. Mimi kwa Kivumanti nataka nini?"

Niliona jibu lile limetosha. Halikutosha, lakini nilikuwa na miaka ishirini na minne.

Alikuwa mgumu kwa wanunuzi. Wafanyabiashara waliokuja kutoka Lamu kununua mikeka waliondoka wakijifuta jasho, wakiapa kwamba hawatarudi, na mwezi uliofuata wakarudi. Lakini mkeka wa kumchukulia maiti hakuuza kabisa. Mtu akifa, awe wa ukoo mkubwa au mchukuzi asiye na mtu, mkeka mweupe ulitoka ukumbini kwake kabla ya mtu kuuomba. Aliusuka bila rangi, akaushona siku hiyo hiyo kwa mikono yake, akaukabidhi bila neno. Mkeka mweupe ukishonwa, alisema, umesema kuna maiti.

Shehe wa msikiti, mzee mpole aliyeniazima taa yake mara nyingi, hakumpenda Kivumanti. Alikuja siku moja akasimama kwenye ngazi ya ukumbi.

"Bi, watoto hawa watakuja kuniuliza kiumbe huyu yumo katika Kitabu gani."

"Na halua imo, Shehe? Mbona waila?"

"Halua hairuki."

"Ya kwako huruka. Nimeona sahani ya Idi ilivyokuwa tupu."

Shehe alicheka, akaondoka. Nadhani alijua asichokijua mgeni. Na mwanamke yule hakuwa amepitwa na sala hata moja tangu nimfahamu. Sala tano aliziswali kwa wakati wake. Sala moja tu ndiyo aliyoikataa, na hiyo hakutakiwa kuiswali yeye.

Alikuwa na mwana mmoja. Mwana huyo alilima ufuta Kililana, upande wa bara. Katika miaka ile ya vurugu, watu wenye bunduki walipokuwa wakivishambulia vijiji vya bara, wakulima walivuka kuja visiwani na kile walichoweza kubeba kichwani. Naye alivuka. Alikaa kwa mama yake siku kumi, hakutulia, kwa sababu ufuta wake ulikuwa umeiva, na ufuta uliokauka hupasuka ukamwaga mbegu chini, ikawa kazi ya mwaka mzima imeliwa na sisimizi. Alisema anakwenda kuukata, atarudi baada ya siku nne. Watu waliopita baadaye karibu na shamba lile waliona nusu yake imekatwa, matita yamesimamishwa yakauke, na nusu nyingine imesimama. Mtu hawakumwona. Hawakuona damu, wala nguo, wala panga lake.

Haya yalitokea mwaka mmoja kabla sijafika. Shehe na jamaa walimshauri iswaliwe sala ya ghaibu, ile inayoswaliwa maiti asiyekuwapo, isomwe na hitima, apate kupumzika. Alikataa. Hakupiga kelele, wala hakutoa hoja. Alisema, "Bado," akaendelea kusuka.

Yote haya niliyajua. Niliambiwa na watu watatu tofauti katika mwezi wangu wa kwanza. Na niliuona pia ukili mweupe uliokuwa kwenye pembe ya ukumbi, umezungushwa kama kamba ya chombo kikubwa, unafika gotini kwa kimo na mtu mmoja asingeweza kuukumbatia. Kila siku, baada ya kumaliza ukili wa rangi wa kuuza, aliuvuta huo mweupe akauongeza shibiri mbili au tatu, na hapo ndipo Kivumanti alipoanza. Kivumanti hakusimuliwa juu ya ukili wa rangi hata siku moja. Na sikujua, kwa kuwa sikuuliza, kwamba kabla ya ule ufuta wa Kililana hapakuwa na mtoto wa Siyu aliyewahi kulisikia jina hilo.

Nilimwuliza swali jingine. "Bi, mkeka huu utaushona lini?"

"Ukisha."

"Utakwisha lini?"

"Utakaposhonwa."

Nilicheka. Macho yake yalikuwa yameanza kuingia ukungu. Alikuwa akitafuta tundu la sindano kwa ulimi. Nikakata shauri, kwa huruma na kwa hesabu yangu ya mtu msomi, kwamba ukili ule haukushonwa kwa sababu mwenyewe hakuweza tena kushona kazi kubwa, na alikuwa anaficha unyonge wake kwa mzaha.

Mwaka wangu wa tatu alikwenda mji wa Pate kwenye msiba wa jamaa yake, akakaa siku tano. Siku ile ile aliyoondoka niliwakusanya wasichana wa darasa la juu. Niliwaambia kwamba nchi mpya hujengwa kwa mikono inayosaidia mikono iliyochoka, na kwamba tutamshonea Bibi ukili wake, arudi akute mikeka imetandikwa. Mmoja wao, mrefu, mkimya, aliyekuwa mshonaji hodari kuliko wote, alibaki amesimama.

"Mwalimu, ule hauguswi."

"Kwa nini?"

"Hauguswi tu."

"Hiyo si sababu. Shuleni tunatafuta sababu."

Nikawatolea hotuba fupi juu ya ushirikina na juu ya maendeleo. Ilikuwa hotuba nzuri. Walishona siku nne, bila kuimba, bila kutaniana, nami nilidhani ni bidii. Ilitoka mikeka mitatu mikubwa, myeupe kama chumvi. Tuliitandika ukumbini kwake, na usiku nilianza kuandika barua kwa mkufunzi wangu wa zamani nimweleze mfano huu wa kujitegemea.

Alirudi asubuhi, kwa miguu, na furushi lake kichwani. Tulikuwa tumejipanga kando ya mlango kama watu wanaompokea mgeni wa heshima. Alisimama kizingitini. Aliinama, akaugusa mkeka wa kwanza kwa ncha ya kidole, akaufuata mshono kutoka upindo mmoja hadi wa pili, taratibu, kama mtu anayesoma.

"Nani ameshona?"

"Sisi, Bi," nilisema. "Ni zawadi."

"Wote umekwisha?"

"Wote. Haukubaki hata shibiri."

Alitua furushi lake. Alivua viatu, ingawa hakukanyaga mkeka. Alipita ukutani, penye udongo mtupu, akaketi huko. Wasichana walikuwa wameanza kulia, na mimi nilikuwa bado natabasamu. Ninalikumbuka tabasamu lile kwa misuli yake.

"Haya," akasema. "Mwiteni Shehe."

Mchana ule, baada ya adhuhuri, iliswaliwa sala ya ghaibu. Hitima ilisomwa ukumbini kwake, na waliosoma waliketi juu ya mikeka ile mitatu. Wanawake walimzunguka ndani. Hapo kwa mara ya kwanza nilimsikia akitoa sauti iliyokaribia kuwa wimbo, na nilitoka nje nikaenda hadi kwenye mikoko, nikasimama katika tope hadi maji yakaanza kujaa.

Watu walinishukuru. Hilo ndilo lililokuwa gumu kulibeba. Walinishika mkono njiani, wakaniambia nimemtoa mama yule katika kifungo. Shehe mwenyewe alinijia.

"Sisi tumemwambia miaka yote hii, Mwalimu. Wewe umetumia sindano."

Alikusudia kunisifu. Chuoni tulifundishwa kwamba ukweli humponya mtu, nami nililiamini neno hilo, na sehemu yangu moja ingali inaliamini. Pengine walisema kweli. Pengine mwanawe alikuwa amelala katika vichaka vya Kililana muda wote ule, na mama alistahili kumlilia. Lakini hakuna aliyeujua ukweli huo. Mimi sikuwa nimemletea ukweli. Nilikuwa nimemfungia mlango tu, na kwa mikono ya watoto aliowapenda.

Siku chache baadaye watoto walirudi alasiri, wakaketi, wakangoja. Alikuwa akisuka ukili wa rangi.

"Bibi, Kivumanti yuko wapi?"

"Ametua."

Walikaa kidogo, kisha wakaondoka mmoja mmoja. Hawakurudi tena kwa ajili hiyo.

Sikumwomba radhi. Kila siku nilipita mbele ya ukumbi ule, nikamwamkia, akaniitikia kwa adabu. Aliniita Mwalimu, akaniuliza hali, na hakunitania tena. Kabla sijapata maneno ya kumwambia nilihamishiwa shule ya Lamu. Nilifundisha huko mwaka mmoja na nusu. Kisha ikaja barua ya kunirudisha bara, na siku tatu kabla ya kuondoka nikapanda mashua ya injini kwenda Siyu, nikashuka kwenye mkono wa bahari, nikafuata ile njia ya miguu ninayoijua, na daftari langu kifuani.

Alikuwa ameketi mahali pale pale, chini, penye udongo. Macho yalikuwa yamekuwa meupe kabisa. Mikono yake ilikuwa imelala mapajani, na hilo lilinishitua kuliko macho: sikuwahi kuiona imelala.

"Hodi, Bi."

"Karibu. Nipe mkono." Aliupapasa. "Chaki. Ni Mwalimu. Keti tini."

"Nimeketi."

"Serikali haijambo?"

"Haijambo, Bi. Yanirudisha kwetu."

"Ah."

Nilisema kwamba nimekuja kuomba radhi kwa ule ukili. Nilikuwa nimeyapanga maneno njia nzima, na yalitoka yakiwa mafupi na mabaya. Hakusema kwamba amenisamehe, wala kwamba hakunisamehe.

"Nalikuwa nakungoja uyalete hayo," alisema. "Una kitabu? Nasikia karatasi."

Nilimwambia kwamba habari za Kivumanti zote nimeziandika humo, na kwamba akitaka nitamsomea. Aliinua kidevu, kwa maana ya kwamba nisome. Nilisoma muda mrefu. Nilisoma kanga zilizoanikwa, na nyungo juu ya vichuguu, na mbingu nyeusi kama chungu. Aliponisikia nasema mbawa nne, akasema, "Saba," na nilipofika kwenye saba akasema, "Nne," na upande mmoja wa mdomo wake ulicheza kidogo. Nikafika ukurasa wa mwisho. Nilitaka kuufunika, lakini nilikuwa nimechoka kumficha mambo.

"'Siku moja Kivumanti akachoka,'" nikasoma, "'akatua juu ya mti mkubwa. Watu wa nchi ile wakahuzunika, kisha wakajifunza kutengeneza muziki wao wenyewe.'"

"Nani alikwambia hayo?"

"Hakuna, Bi. Niliyatunga mimi."

"Lini?"

"Kabla. Kabla hujaenda Pate."

"Kwa nini?"

"Kitabu cha shule hakina budi kuwa na mwisho."

Aligeuza uso kuelekea kwenye daftari.

"Sindano nyengine hiyo," akasema.

Alinyoosha mkono. Niliuchana ukurasa ule nikampa. Aliukunja kwa urefu, akaupitishia ukucha, akaupasua vipande vyembamba kama apasuavyo miyaa; kipande kwa kipande, bila kukosea, maandishi yangu yakibaki nusu neno huku na nusu neno kule. Kisha mikono yake ikaamka. Karatasi si miyaa. Ilikatika mara mbili, akaiunga kwa mate, akaendelea. Alipomaliza ulikuwa ukili wa shibiri moja, mwembamba, wenye wino. Aliutia kiganjani mwangu akavifunga vidole vyangu juu yake.

"Kwenu ni mbali?"

"Siku mbili, Bi. Kwa basi."

"Usiufunge fundo."

"Ukiachwa bila fundo utafumuka."

"Ukifumuka, suka."

Adhana ya alasiri ikaanza. Alisimama kwa kushika ukuta, akaenda kutawadha, na mimi nikaondoka.

Ukili ule umo katika mtoto wa meza ninayosahihishia madaftari. Kila wiki chache nautazama, na kila mara ncha yake imeachana kidogo. Sijui kusuka. Narudisha karatasi juu ya karatasi kwa vidole vinene, nikikosea, na kama darasa limekwisha toka na pametulia, huusikia mkwaruzo wake.

Mwalimu mwenzangu aliyebaki Lamu ameniandikia mara mbili, akiniuliza kama ningependa aniulizie habari za mama yule wa Siyu, yu hali gani, na kama yu hai. Ni mtu mwema, ana nia njema kama niliyokuwa nayo mimi. Barua zake mbili nimezisoma, nimezikunja, nimeziweka juu ya ukili. Sijamjibu.